Farasi wa Mgeni

Pedi ya gemu ilikuwa na joto.

Mchomeleaji aliishika, akaiweka, akaishika tena. Ndiyo kwanza ametoka karakana, buti hajavua, na gemu hilo ni lake peke yake. Hucheza Jumapili tu, tena akipata nafasi. Mkewe alikuwa chumba cha nyuma na cherehani yake. Mama mkwe, aliyekuja mjini kutibiwa vidole vilivyokakamaa, alikwisha kujikokota hadi chumbani kwake, kama afanyavyo kila asikiapo geti. Mtu na mkwewe wanaheshimiana. Salamu ikishapita, kila mmoja na upande wake.

"Shikamoo mama," alisema kuuelekea mlango uliofungwa.

"Marahaba baba. Pole na kazi."

Akainusa ile pedi. Mnanaa!

Wivu ukampanda hadi kichwani. Mtu wa mnanaa alikuwa mmoja tu mtaani: fundi simu, jirani yake wa karakana, mtanashati asiyekosa pipi ya mnanaa mdomoni. Ndiye aliyeitengeneza pedi hiyo, mkewe alipompelekea. Ndiye aliyesema akicheka, "Kaka, vitufe vimelika hivi? Kwako kuna mtu anacheza kwelikweli!" Tena ndiye aliyemtambia kila asubuhi kwamba amebakiza padogo tu kukimaliza kisiwa kizima cha gemu hilo, wakati mchomeleaji bado anatumbukia majini kwenye daraja la kwanza.

Akaiwasha mashine. Chini ya jina lake akakuta mchezaji wa pili, amefungwa kwa namba ya siri. Aliitwa Mgeni.

"Leo amekuja nani hapa?" alimuuliza mkewe mezani, kama mtu anayeuliza habari za mvua.

"Aje nani? Nilikuwa na sare za watoto wa watu, hata kichwa sijainua." Lakini macho yake yalikimbilia korido, yakarudi haraka kwenye sahani.

Macho hayo yalimnyima raha wiki nzima. Siku moja alirudi mchana bila taarifa. Akakuta kiti kimesogezwa karibu na runinga, kikombe cha chai bado kinafuka, na mtu hayupo. Alichungulia nyuma ya pazia. Akainama uvunguni, akatazamana na paka. Huku nyuma cherehani inaimba, na mwenye cherehani anaimba nayo. Ana furaha ya nini huyu?

Basi, kama mtu mwenyewe hakamatiki, angalau atamfunga mdomo kwenye gemu.

Njia ilikuwepo. Anayekimaliza kisiwa huulizwa kama yuko tayari kuwagawia wengine faili lake, na wengi hukubali. Mvivu yeyote anaweza kulipakua mtandaoni na kuamkia kwenye ufalme wa jasho la mwenzake: milango yote wazi, hazina zote mkononi. Mchomeleaji hakuona aibu. Ataliweka faili, atamwita yule mwenye mnanaa, atajiegemeza kitini na kusema, "Nimemaliza, wewe umefika wapi?"

Jumamosi alasiri akachagua la juu kabisa, lililosifiwa kuliko yote. Watu wa kila pembe ya dunia walikuwa wamemshukuru mwenye faili. Hakuacha pango, walisema, hakuacha sanduku hata moja. Akalipakua, akakaa vizuri, akabonyeza.

Mvua ilikuwa ikinyesha kisiwani. Mbele ya ngome alisimama farasi mweupe, na juu ya kichwa chake, kwa herufi za dhahabu, jina alilopewa na mwenyewe: Kidoti.

Pedi ilimponyoka. Kidoti lilikuwa jina la utotoni la mkewe, kwa ajili ya alama nyeusi shavuni. Nje ya nyumba ile hakuna aliyelijua. Yeye mwenyewe hulitamka taa zikishazimwa tu.

Kumbe jamaa alikwisha kumaliza zamani! Na alimalizia humu humu ndani, juu ya kiti chake, huku akimwita mke wa mtu jina la chumbani.

"Njoo!" alifoka. "Njoo umwone farasi wa bwana wako!"

Mkewe alikuja na futi ya kupimia shingoni. Alipoona kioo cha runinga, akajiziba mdomo.

"Ni nani?"

"Niliahidi sitasema."

"Ulimwahidi nani?"

"Mume wangu, tafadhali. Ataona aibu."

"Aibu yake ndiyo inayokuuma? Na mimi je?" Alikuwa anampenda mwanamke huyu, na hilo ndilo lililomchoma zaidi. "Nimekuwa bwege mtaa mzima. Mtaje sasa hivi, la sivyo nabeba nguo zangu na hamtaniona tena."

Mkewe alitazama korido, machozi yakimlengalenga. Mchomeleaji akafuata macho yake, na safari hii akasikia hatua. Kumbe mtu yumo ndani! Akakunja ngumi.

Harufu ya mnanaa ndiyo iliyotangulia. Kisha akatokea mama mkwe, mtandio umefunika nusu ya uso, vidole vinang'aa kwa dawa ya kuchulia. Alisimama akiuangalia ukuta, kwa heshima zake zote.

"Nisamehe baba," alisema. "Ila kabla hujaondoka, mwingize kwanza huyo farasi bandani. Akinyeshewa sana, huwa anakufa."