Mjane Asiye na Manyoya

Enzi wanyama walipokuwa na mahakama, Mama Hondohondo alipandishwa kizimbani kwa kumuua mumewe. Adhabu ilikuwa kitanzi, na makinda wake walikuwa wakimngoja mtini.

"Mheshimiwa," alisema Kicheche, shahidi pekee, "nilimwona kwa macho yangu haya. Alishuka kutoka angani akamdonoa mumewe utosini. Wanawake hawa!"

Hakimu Nyati alitikisa kichwa, na waume wote ukumbini wakatikisa naye. "Mama, una la kusema?"

"Ninalo. Bwana Kicheche, umeoa?"

"Thubutu! Kwa haya niliyoyaona?"

"Basi ndiyo maana hujui. Sisi tukitaga, mume hutuziba kwa udongo ndani ya shimo la mti, akatulisha kupitia tundu. Humo ndani manyoya ya mbawa hututoka yote. Askari aliyebomoa udongo kunitoa yupo hapa, ila hakuna aliyemuuliza."

Akavua kaniki ya eda, akakunjua mbawa. Zilikuwa tupu kama za kuku wa pilau.

Ukumbi ulilipuka kwa vigelegele. Kicheche alikuwa ameshaufikia mlango. Askari walipomdaka, akakiri kuwa muuaji ni yeye.

"Mama, uko huru," alisema hakimu, macho chini. "Nenda nyumbani."

"Kwa mbawa zipi, Mheshimiwa?"

Basi hakimu akapiga magoti, na Mama Hondohondo akarudi kwa wanawe akiwa amepanda mgongo wa serikali.