Mkono wa Asiimwe Kwenye Runinga

Kila Jumapili baada ya ibada, mama mmoja wa Songambele aliongea kwa video na bintiye Asiimwe, mfanyakazi wa ndani ughaibuni. Kwenye simu, macho hafifu ya mama yaliambulia kivuli tu.

Leo mkwewe alirusha picha ya simu kwenye runinga, na Asiimwe akajaa kioo kizima.

"Shikamoo, mama! Huku sijambo kabisa!" alisema akipunga mkono.

Mama akainuka, akasogelea runinga. Juu ya kifundo cha mkono wa Asiimwe palikuwa na alama tatu za kuungua kwa pasi, moja ingali mbichi.

"Nilijiunguza bahati mbaya, mama."

"Mara tatu?"

Asiimwe akashusha mkono.

Mama akamgeukia mkwewe. "Wapigie watu wa mnadani. Tunauza ng'ombe wote, mwanangu apate nauli ya kurudi nyumbani."