Uzito wa Mheshimiwa

Bapurao alikuwa ameshakaa kwenye mizani, mashada ya maua yamemfika kidevuni, alipoiona nembo ya kiwanda chake cha sukari. Wapambe wake walikuwa wameiazima mizani hiyo kulekule kunakopimwa miwa ya wakulima.

Ilikuwa shangwe ya ushindi wake wa nne: mbunge hupimwa, kisha watu hugawiwa sukari guru ya uzito wake.

"Kilo sitini na nane!" mpimaji akatangaza.

Asubuhi ile, nyumbani, alikuwa na tisini.

Makofi yakafifia. Ni yeye mwenyewe aliyeamuru mizani ile ichezewe, mwaka ule aliposhinda mara ya kwanza.

Bibi mmoja mkulima akasogea, akakitazama kitambi cha Bapurao bila haraka.

"Pole, mwanangu," akasema. "Hata miwa yangu hukonda hivyo hivyo ikipanda hapo."

Hakuna aliyecheka. Ua moja likapondeka kiganjani mwa Bapurao.

"Haya, shuka," bibi akasema, akivua ndara zake. "Mimi kilo zangu nazijua. Zahanati walinipima jana."

Nyuma yake watu walikuwa wameshapanga foleni, na ile sukari wameipa kisogo.