Haraka ya Kreszenz

Kreszenz Oberrauter alipiga kofi juu ya meza ya wakili hadi kahawa ikamwagika.

"Miezi ishirini, Wakili. Tangu hakimu atuambie twende nyumbani, hukumu itatufikia kwa posta, ng'ombe wangu amezaa mara mbili. Hakimu hajazaa hata karatasi moja."

Wakili Lechthaler akafuta meza taratibu. Kesi ilikuwa ya kibanda cha malishoni, kule juu mlimani, alichoacha marehemu baba yao. Kreszenz na kaka yake Gallus walikigombania mwaka wa nne sasa, na miaka yote hiyo hawakusalimiana, hata kanisani. Barua mbili Kreszenz alizompelekea kaka yake theluji ilipoyeyuka zilirudi hazijafunguliwa.

"Njia ipo," wakili alisema. "Tunaiomba mahakama ya juu impangie hakimu siku ya mwisho. Lakini hakimu aliyesemewa kwa wakubwa wake huandika kwa kinyongo."

"Aandike kwa kinyongo. Mradi aandike."

"Na Gallus amelazwa, Bi Kreszenz. Ini limekwisha. Watu watasema unamkimbiza mtu aliye kitandani."

"Ndiyo maana sina muda. Peleka ombi."

Na kweli watu walisema. Kwenye duka la mikate, Roswitha, mke wa Gallus, alimzibia mlango.

"Wifi, huwezi hata kumwacha afe kwa amani?"

"Siwezi," Kreszenz akajibu, akapita na mkate wake mweusi kwapani. Alimkasirikia hakimu, alimkasirikia karani aliyemwambia kwa simu avute subira, na zaidi ya wote alimkasirikia Gallus na kichwa chake kigumu kama mwamba.

Mahakama ya juu ilijibu: wiki nne, isizidi hata siku. Hakimu akaandika katika wiki ya tatu. Wakili alimwita Kreszenz, akamkalisha, uso umemshuka.

"Pole sana. Tumeshindwa. Kibanda, malisho na chemchemi, vyote ni vya Gallus. Lakini tuna wiki nne za kukata rufaa, na ukurasa wa sita hakimu amekosea waziwazi."

"Gallus ameshajua?"

"Nakala yake ilifika hospitali asubuhi. Wakili wake anasema mkewe amemsomea mara mbili. Ati ameomba mto wa pili, akakaa kitako."

Kreszenz akanyoosha mkono.

"Niandikie kwamba sikati rufaa. Nitie saini sasa hivi."

"Bi Kreszenz, rufaa hii tunashinda."

"Mimi nikimpa, hapokei hata maji ya kunywa," alisema, akiichukua kalamu. "Akinishinda, anapokea."