Sababu Haijulikani

Swali ambalo karani wa mafaili ya hospitali aliliandika kwenye kikaratasi cha njano lilikuwa na jibu tayari. Jibu lenyewe lilikuwa mezani, mbele ya pua yake: picha ya mgongo wa fundi cherehani, na mshipa uliobanwa unaonekana wazi. Lakini daktari wa mifupa alikuwa ameandika yale yale ya siku zote: maumivu ya kiuno, sababu haijulikani.

Kazi ya huyu mama ilikuwa kuyageuza maneno ya madaktari kuwa namba. Kila ugonjwa una namba yake, na kiuno kisicho na sababu kina yake pia, ambayo wakaguzi hawataki hata kuiona. Akikutana nayo, anatakiwa amwandikie daktari: kinauma upande gani? Tangu lini? Ila kama jibu limo ndani ya faili, anaruhusiwa kuandika namba sahihi mwenyewe na kuendelea na maisha yake.

Tatizo ni kwamba hakuwa na maisha ya kuendelea nayo. Chumba cha mafaili kilikuwa chini kabisa ya jengo, hakina dirisha, na kwa miaka minne tangu aajiriwe alikaa humo peke yake. Nyumbani nako alikaa peke yake. Kuna siku mtu wa kwanza kuisikia sauti yake alikuwa mwenye duka, jioni, anapoomba mkate.

"Mama Namba, leo tena?" Tarishi mzee alikipokea kikaratasi. "Utamuua mwenzio kwa maswali."

"Peleka, mzee wangu. Ni kazi."

"Daktari mwenyewe wala hasumbuki. Anajibu hapo hapo, hata faili haombi."

Kabla ya chai jibu lilikuwa limerudi: pingili ya nne na ya tano, mshipa umebanwa, mguu wa kushoto. Chini yake, kwa mwandiko mdogo: "Pole na kazi. Huko chini hakuna baridi?"

Alitabasamu mpaka akajionea haya. Kwenye kikaratasi kilichofuata alijibu: "Ipo, daktari, nimezoea." Jibu likaja: "Huku juu ni joto, na sanamu la mifupa halina maongezi." Vikaratasi hivyo alivihifadhi kwenye makopo ya maziwa ya unga, na kopo la pili lilikuwa linakaribia kujaa. Hawakuwahi kuonana. Mara mbili alipanda ngazi hadi ghorofa ya tatu, aliko daktari, na mara zote mbili aliishia mlangoni, akarudi chini.

Jumatatu moja mkuu wa kitengo alishuka mwenyewe, jambo ambalo si kawaida yake.

"Dada, hizi 'sababu haijulikani' zimezidi. Alhamisi nataka orodha. Daktari atakayeongoza anaondoka hapa. Tumechoka na uvivu."

Hakuhitaji kuhesabu ili ajue nani ataongoza. Na kila kikaratasi alichowahi kutuma kilikuwa ushahidi dhidi ya mtu yule. Kuanzia saa hiyo hakutuma tena. Alizisoma picha mwenyewe, akaandika namba sahihi mwenyewe, akajiambia kwamba daktari akiachwa kidogo atajirekebisha. Chumba kikawa kimya kuliko alivyokizoea, na kwa mara ya kwanza ile baridi ilimuuma.

Tarishi alipita na mikono mitupu. "Juu wananiuliza kama unaumwa."

"Waambie nina kazi nyingi."

Daktari hakujirekebisha. Jumanne mafaili sita yalishuka na maneno yale yale. Jumatano, kumi na moja. Alhamisi asubuhi likaja la fundi paa aliyeanguka, pingili imepasuka kiasi kwamba hata mtoto angeona. Daktari alikuwa ameshamlaza na kuagiza afungwe mkanda wa mgongo, kila kitu kama inavyotakiwa. Halafu, kwenye mstari wa ugonjwa: maumivu ya kiuno, sababu haijulikani.

Hapo alipandwa na hasira. Siku nne amekaa kimya kwa ajili ya mtu huyu, na mtu mwenyewe hata kalamu inamchosha! Akaliandika jina lake juu kabisa ya orodha, akatia sahihi, akampa tarishi aipeleke kwa mkuu kabla moyo haujamgeuka.

Ijumaa simu ya mezani ililia.

"Ahsante kwa orodha, dada. Barua yake ya uhamisho imeshatoka, Jumatatu hayupo. Nitafutie tu tarehe uvivu ulipoanza, niijaze kwenye ripoti."

Aliingia stoo ya mafaili ya zamani na kuanzia mwanzo. Daktari alikuwa na miaka ishirini hapo. Mwaka wa kwanza kila kiuno kilikuwa na sababu yake, upande wake, pingili yake, hata namna mgonjwa anavyokaa kazini. Wa pili vilevile. Wa tano, wa kumi, wa kumi na tano. Alidhani amekosea daktari, akaulinganisha mwandiko. Ulikuwa ule ule.

Akafika kwenye wiki aliyoajiriwa. Kikaratasi chake cha kwanza kabisa kilikuwa bado kimebanwa kwenye faili. Siku ile kuna neno moja lilimshinda kusoma, akauliza, na chini akaongeza: "Samahani kwa usumbufu, daktari. Mimi ni mgeni hapa, sina mtu wa kumuuliza."

Faili lililofuata lilikuwa la kesho yake. Maumivu ya kiuno, daktari alikuwa ameandika, kwa mara ya kwanza katika miaka kumi na sita, sababu haijulikani.