Waliosimama Nyuma ya Kanga

Jimbo la Nyikandefu halikujua karatasi ya kura. Wanyama walichagua kwa mlolongo: kila mmoja alisimama nyuma ya anayemtaka, na mwenye mstari mrefu ndiye mbunge. Akapita Nyati babu, akapita Nyati baba, akapita Nyati mwana, maana ukoo wao ulikuwa mkubwa. Wakishapita, hulala topeni hadi uchaguzi mwingine.

Safari hii akajitokeza Kanga, hodari wa maneno, akaahidi kukifukua kisima cha jimbo kilichokauka. Nyati akacheka. "Nyuma yako yuko nani, bibie?"

Kanga alikuwa amekwisha kuwaomba siafu, ambao hakuna aliyewahi kuwaomba kitu.

Wakaja. Walitoka majanini kama uzi mweusi. Uzi ukawa kamba, kamba ikawa mto. Kichwa cha mstari kilifika uwanjani, na mkia ulikuwa bado haujavuka kilima cha pili. Tembo aliinua mguu akakosa pa kuushusha.

"Kumbe miaka yote tumekuwa tukikanyaga taifa," alinong'ona.

Hakuna aliyehesabu. Kanga akatangazwa mbunge, akashukuru kwa hotuba tamu, kisha akatafuta kivuli ajilaze.

"Mama, mbona unasimama?" akauliza siafu wa mbele.

"Si uchaguzi umekwisha?"

"Sisi kusimama nyuma ya mtu hatujui. Tunajua kufuata tu." Akamng'ata kidole.

Kanga akaruka, akashika njia ya kisima kilichokauka, na mto mweusi nyuma yake.

Hadi leo Kanga hatulii, hukimbia tu. Usimcheke. Tazama kwanza nyuma yake yuko nani.