Kizingiti cha Nungunungu

Alikuwapo Nungunungu mmoja, mjanja kwa kujisifia mwenyewe. Alinunua shimo kwa Mhanga, fundi wa kuchimba. Bei ilikuwa viazi mia, ila kwa mkopo angelipa kiazi kimoja tu kila mwezi, kwa miaka thelathini.

"Kiazi kimoja! Mhanga hajui hesabu," aliwatambia majirani.

Baada ya miaka kumi alimwendea Mhanga. "Fundi, nimeshalipa viazi mia na ishirini. Shimo ni langu sasa?"

"Hongera, bwana!" Mhanga alimkumbatia, akikwepa miiba. "Karibu vyote vilikuwa riba, lakini kizingiti ni chako kabisa."

"Na chumba?"

"Changu. Imebaki miaka ishirini tu."

Nungunungu aliapa kutolala tena chumbani mwa mtu. Mvua iliponyesha, majirani walimwona mjanja wao kizingitini, akilowa kwa fahari juu ya mali yake.